Hadithi Iliyosikika Kisimani Kabla ya Siku Yake

Watu waliowahi kunikosea ni wengi na nimewasahau. Mmoja simsahau, kwa sababu huyo nilimpenda kwanza. Tulifundisha darasa la pili katika shule moja ya Runazi, mimi mkondo A, yeye mkondo B, na tulipanga nyumba moja. Kwao ni Kirushya, kule Ngara. Kila likizo ikiisha alirudi na mkungu wa ndizi, na nusu yake ilikuwa yangu bila kuomba. Nilimwita dada. Akiugua, nilifundisha mikondo yote miwili hadi sauti ikakauka.

Watoto wetu nyumbani wanaongea Kisubi, Kizinza au Kisukuma. Kiswahili wanakikuta shuleni. Walipokuwa wakisoma walitamka silabi moja moja, na wakifika mwisho wa sentensi, mwanzo wake wameshausahau. Ndiyo maana nikaanza kuwafanya warudie kusoma. Niliandika hadithi fupi kwenye karatasi za mifuko ya saruji, nikawasomea mwenyewe kwanza, kisha wakakaa wawili wawili. Mmoja anasoma, mwenzake anasikiliza. Kila akimaliza hadithi nzima anasogeza haragwe moja upande wa pili wa dawati, anaanza tena. Sauti ikiacha kukwama, msikilizaji anamwambia, "Sasa unaongea." Darasa zima likishaongea, nabandua ile karatasi na kubandika nyingine wasiyoijua. Huo ndio ulikuwa moyo wa kazi yenyewe: hadithi uliyoizoea imekwisha kazi, nenda kajaribu ngeni. Dada yangu alinicheka, akasema darasa langu limekuwa gulio. Baadaye akaja kukaa dawati la nyuma ajifunze, nami nikamwonyesha kila kitu, hata karatasi zangu nikampa.

Darasani kwangu kulikuwa na msichana mmoja, mtoto wa mkulima wa mihogo, aliyekuwa ameshawahi kurudia mwaka. Baba yake alikuja shuleni, akavua kofia, akaniambia bila ukali, "Mwalimu, akishindwa tena nampeleka kwa shangazi yake Lusahunga, akauze ndizi kwenye malori. Hawezi kuzeekea darasa la pili." Nikamwambia atapita. Sikumdanganya. Yule mtoto alikuwa wa mwisho kila mara kuambiwa "sasa unaongea," lakini karatasi mpya ikibandikwa alikuwa haiogopi tena.

Siku chache kabla ya upimaji wa kusoma, ule wa kuamua nani apande darasa, nilikwenda kisimani jioni. Watoto wa mkondo B walikuwa kwenye foleni ya ndoo, wakighani hadithi ya mbuzi aliyekataa kuvuka mto, wote kwa pamoja, bila kukosa neno. Jamani, nilivyofurahi! Nilirudi na ndoo kichwani nikijisemea kwamba dada ameiva, na pengine mimi ndiye niliyemwivisha.

Siku ilipofika, afisa elimu kata alifungua mbele yetu bahasha yenye hadithi ya kuwapimia watoto, na mimi nikasoma mstari wa kwanza nikiwa nyuma ya bega lake. Mbuzi. Mbuzi yuleyule aliyekataa kuvuka mto. Bahasha ilikuwa imetunzwa kabatini kwa mwalimu wa taaluma, na mwalimu wa taaluma alikuwa dada yangu. Nilimtazama. Alikuwa anajifunga kilemba vizuri.

Mkondo B walitiririka. Mmoja wao alisoma huku anatazama dirishani, na afisa akatabasamu tu. Kisha wakaja wangu. Msichana aliweka kidole kwenye mstari, akaanza. Alikwama, akarudi mwenyewe, akarekebisha, akaendelea. Alipoulizwa kwa nini mbuzi alikataa, alijibu kwamba mto ulikuwa umejaa, jambo ambalo hata mmoja wa B hakuweza kulisema. Lakini muda ulikwisha kabla hajafika mwisho, na baada ya wale waliotangulia, yeyote angeonekana mzito. Afisa akasema, "Huyu bado."

Nilimwendea mkuu wa shule. Akaniambia shule imepata sifa, nisitie kitumbua mchanga. Nikaenda nyumbani, nikamkuta dada anamenya ndizi.

"Uliwapa hadithi," nikamwambia.

Hakukana. "Si wewe uliyenifundisha warudie mpaka waongee? Wamerudia, wameongea."

"Na yule mtoto wangu?"

"Atarudia mwaka. Kwani atakufa?" Akaendelea kumenya, akaniuliza kama chumvi ipo.

Wanasema kikulacho ki nguoni mwako. Mimi nguo yenyewe niliifua na kuipiga pasi. Mwezi uliofuata walimu wa kata walikusanywa, akasimamishwa yeye atufundishe mbinu ya kurudia kusoma. Alikuja na maharage. Alibandika karatasi zangu ukutani, mwandiko wangu ukionekana hadi nyuma. Alieleza yote, isipokuwa ile sehemu ya kubandua karatasi. Nilikaa pale nikiwa nimejaa hasira, na makofi yalipopigwa nami nikapiga.

Nilikwenda kwao yule msichana asubuhi ya kuondoka kwake. Baba alikuwa anafunga mfuko kwenye pikipiki. Mtoto akaniamkia, "Shikamoo," nikaitika marahaba, nikataka kumwambia kwamba anajua kusoma, asikubali mtu amwambie vinginevyo. Akanitangulia.

"Mwarimu, wale wa B waliijua ile hadithi ya mbuzi. Walituambia."

"Ndiyo, mwanangu."

"Wewe na mwarimu wao mnakaa nyumba moja. Mnakula pamoja." Hakuwa na hasira, alitaka tu kujua. "Mbona sisi ulitunyima?"

Nikakaza kamba ya mfuko wake. Baba yake akawasha pikipiki, mtoto akasema, "Haya, mwarimu," akapanda nyuma.