Bibi Aliyeigiza Uzima

Wiki hii nimeduwaa katika ofisi ya ustawi wa jamii huku Barking, ughaibuni. Nilimsindikiza bibi wa Kiserbia ninayemhudumia nyumbani kwake. Bila mimi hawezi hata kuvaa soksi. Afisa alitaka kuhakikisha kama bado anahitaji msaidizi.

“Ulikuwa ukifanya kazi gani?” afisa alimuuliza.

“Mwigizaji, Belgradi. Nilianza kuigiza vikongwe nikiwa na miaka thelathini. Wajane, wagonjwa, mama wakwe. Bibi harusi, hata siku moja.”

“Hebu tembea kidogo nikuone.”

Bibi akanikabidhi mkongojo. Akanyoosha mgongo, akavuka chumba kama msichana, akainama kumwokotea afisa kalamu iliyomwanguka. Afisa akapiga makofi, kisha akaandika kwamba hahitaji msaidizi.

Tulipofika kwenye korido, miguu ikamwisha nguvu. Nikamdaka.

“Bibi, umefanya nini? Kesho atakuvalisha nani?”

“Alikuwa ananitazama,” akasema. “Nikitazamwa, mwili unasimama wenyewe.”

Nilirudi ndani kumsihi afisa.

“Lakini mama, nimemwona kwa macho yangu,” akanijibu.

Hata mimi nilimwona, na nusura nipige makofi.