Dada Yangu Hatulii na Mwisho wa Mto

Msinione nimekaa nyuma ya cherehani mkadhani sina watu. Kitinda mimba wetu ndiye yule mpiga filamu anayepanda milima na kuingia mapangoni mpaka miguu imeota sugu. Nyumbani tunamwita Hatulii. Mama alipomuuliza ataolewa lini, alijibu, "Nikirudi, mama." Miaka ishirini na mitano sasa, bado anarudi!

Kuna mto unaoingia chini ya mlima na kupotelea humo. Hatulii aliapa kuufuata hadi unapoishia, auoneshe kwenye filamu. Mara mbili maji yalimrudisha. Safari ya tatu nikamshonea mkanda wa turubai wa kuning'iniza kamera shingoni, mshono juu ya mshono. Akaukata mlangoni mwa pango! Ati mikanda hunasa kwenye mawe, kamera hushikwa kwa mkono. Nilinuna wiki nzima, siwafichi.

Waliingia wawili tu, yeye na mshika kamba wake, mzee mcheshi aliyekuwa naye tangu safari ya kwanza. Siku ya nne wakatokea kwenye ziwa la chini kwa chini, mwisho wa mto. Hatulii akainua kamera. Kabla hajabonyeza, mzee akateleza ukingoni. Kamera ikaenda majini, mikono yote miwili ikamdaka mzee.

Picha za siku tatu zilisalimika, maana kadi za kamera za siku hizo zilikuwa mfukoni mwa huyo mzee. Ila ziwa, hakuna. Bosi wa kituo cha televisheni akamwambia, "Dada, kapige ziwa lolote, pango lolote. Nani atajua?"

"Mimi nitajua."

"Basi hatuioneshi."

Na mimi, Mungu anisamehe, nilimshauri akubali. "Miaka yote hiyo iende bure kwa ajili ya dakika moja?" Nikaongeza na la mkanda wangu, kwamba angeuvaa yasingetokea hayo. Akachukua kadi zake akatoka. Heri angenitukana.

Akaomba ukumbi wa shule aliyosoma, aioneshe filamu yake humo. Nilikaa mstari wa mbele, na suti niliyojishonea mwenyewe. Watu wakaona popo, maporomoko, matope hadi kifuani. Wakashangilia mpaka nikahisi kichwa kinavimba. Yule ni dada yangu, jamani! Halafu kioo chote kikawa cheusi, ikasikika sauti yake: "Ziwa lipo, nimeliona. Hapa niliiachia kamera. Mikono ilikuwa na kazi nyingine."

Giza likakaa. Mtu mmoja nyuma akaguna, "Kazi gani tena hiyo? Tumekuja kuona ziwa!" Damu ikanichemka, nikageuka nimpe yake.

Mshika kamba akaniwahi. Alisimama katikati ya ukumbi, mkewe kamshika mkono, akavua kofia.

"Kazi yenyewe ndiyo mimi hapa," akasema.