Gauni la Kwendea Polisi

Mama alikuwa dobi, tena aliringia kazi hiyo kama wengine wanavyoringia ng'ombe. Ilikuwa miaka ya hamsini, nasi tulikaa chumba kimoja Riruta, Nairobi. Tulikuwa tumetoka magharibi kumfuata baba, na baba alipofariki, pasi ya makaa ndiyo iliyotulisha. Mama alilelewa misheni, ambako kila Jumamosi wasichana walisimamishwa mstari wakakaguliwa kola na kucha. Aliyekutwa mchafu hakuruhusiwa hata kujitetea. Mama aliyabeba hayo mpaka Nairobi, akatulea nayo.

Dada yangu mkubwa alikuwa yaya kwa mzungu mmoja huko Karen. Alikuwa mwanamke mzima, na mahari yake ilikuwa imeanza kuzungumzwa. Jioni moja alirudi kwa miguu, gauni limechanika begani, lina matope na damu. Alituambia kwamba nyapara wa mazizi ya farasi alimvuta hadi ndani ya banda la nyasi akambaka. Alisema mara moja tu, kwa sauti yake ya kawaida, akaketi.

"Twende polisi," nikasema.

"Hivi alivyo?" mama akauliza. "Huwezi kwenda mbele ya serikali na nguo kama hiyo. Watasema sisi ni watu gani?"

Akamwogesha kama mtoto. Gauni akalisugua kwa sabuni ya mche, akalishona pale begani kwa uzi wa rangi ileile, akalitia wanga, akalipiga pasi. Asubuhi dada alilivaa kwenda kituoni. Askari walilichukua liwe kielelezo, naye akarudi nyumbani amevaa koti la mama.

Hakimu wa kwanza alimwamini. Alimtazama usoni alipokuwa akieleza, naye dada alieleza bila kuyumba. Mama pia alipanda kizimbani. Alipoulizwa habari za gauni, alijibu kwa fahari kwamba alilifua na kulishona kwa mikono yake, na kwamba mtu atafute doa hapo kama ataliona. Nyapara akafungwa. Tulipotoka nje mama alituambia wamemsadiki dada kwa sababu alifika akiwa nadhifu, na siku hiyo sote tulikubaliana naye.

Yule bwana wa Karen akamwekea nyapara wakili wa rufani. Si kwamba alimpenda. Farasi wake walikuwa wakimpiga mateke kila aliyewekwa mahali pake.

Siku ya rufani tulitembea mpaka mjini, tukaketi benchi la nyuma. Nilidhani dada ataulizwa tena, kumbe rufani haimuulizi mtu. Majaji wawili walikuwa na karatasi, na ndani ya karatasi dada yangu aliitwa mlalamikaji. Alikuwa ameketi mbele ya macho yao, na hakuna aliyeinua uso kumtafuta. Karani alimtafsiria nyapara kila kilichosemwa, nasi tukasikia humo humo. Ilisemekana kwamba katika kesi za namna hii ni hatari kumfunga mwanamume kwa neno la mwanamke peke yake; kwamba hakimu alipaswa kujionya juu ya hatari hiyo; kwamba mlalamikaji pengine anasema kweli, lakini lazima pawe na kitu kingine cha kumuunga mkono. Dada angeibiwa kuku, neno lake peke yake lingetosha.

Ndipo wakili akalitwaa gauni. Alilishika mabegani akaligeuzia mwanga wa dirisha. Aliuliza iko wapi dalili ya kupigana. Jaji mmoja alivaa miwani akatafuta palipochanika, asipaone, mpaka wakili alipomwonyesha kwa ncha ya kalamu. Jaji akasema jambo, mawakili wakatabasamu, na karani, mtu wa kutimiza wajibu, akatafsiri hilo nalo: "Mshono ni mzuri sana."

Mama akainamisha kichwa, kama anavyofanya mtu akishukuriwa. Katika jumba lile lote, ni yeye peke yake upande wetu aliyefurahi.

Nyapara aliachiliwa, akarudi kwa farasi wake. Gauni tulirudishiwa kwenye dirisha la karani, limekunjwa vizuri. Tulikuwa tumekwisha kushika Barabara ya Ngong mama aliposimama.

"Kumbe walitaka lile chafu?"

"Ndiyo, mama," dada akajibu, akaendelea kutembea.

Watu wa mchumba walituma ujumbe kwamba wangesubiri kidogo, wakasubiri hadi kijana alipooa kwingine. Dada alibaki nasi. Toka siku ile ya rufani hakumruhusu mama kumfulia hata leso. Mama alinyoosha mkono kupokea nguo zake kila Jumatatu, na kila Jumatatu dada alimpita na karai lake. Sijaona adhabu ndefu kama ile.

Mama alifariki kabla ya miaka hiyo ya hamsini kwisha. Wanawake wa kanisa walikuja na beseni na sabuni kumwosha. Dada alikuwa amesimama mlangoni.

"Mwacheni hivyo alivyo," akawaambia. "Huko anakokwenda kuna hakimu. Akifika safi hatamwamini."

Wale wanawake waliweka beseni chini wakanitazama mimi. Nilimchukia dada wakati ule. Nikachukua sabuni nikamwosha mama mimi mwenyewe, uso, mikono, vidole vilivyoungua kwa pasi. Dada alisimama palepale mpaka nikamaliza, na nilipomwomba taulo hakunipa.