Nilivyoiua Kesi ya Wapangaji Wenzangu kwa Kurudisha Funguo

Jaji alisoma jina langu mara tatu. Sikuitika.

Nilikuwa mtaa wa pili, napanga vyombo kwenye nyumba mpya.

Ngoja nieleze.

Mimi ni kinyozi. Tulikuwa wapangaji sita kwenye nyumba moja ya vyumba vya mstari. Mwenye nyumba akatupa notisi: siku saba, wote nje.

Mimi peke yangu ndiye niliyekuwa na mkataba wa maandishi, kwa hiyo kesi ikafunguliwa kwa jina langu. Tukashindwa, tukakata rufaa. Mahakama ikatoa zuio: asiguswe mtu mpaka rufaa isikilizwe.

Wenzangu wakaniita Mwenyekiti. Jirani yangu, mama mmoja fundi cherehani, akanishonea shati la kuvaa mahakamani.

"Usimame mbele ya jaji kama mtu mwenye watu," akaniambia.

Jumatatu, wakili wa mwenye nyumba akaja kunyoa. Nikajua hajafuata nywele.

"Kuna nyumba ya vyumba viwili, maji ndani," akasema huku nampitishia mashine kisogoni. "Rudisha funguo kabla rufaa haijasikilizwa Alhamisi, ni yako."

"Na wenzangu?"

"Kila mtu na kesi yake, bwana."

Uongo. Nilijua ni uongo. Lakini mke wangu alikuwa mjamzito wa miezi minane, na bafu tulikuwa tunapanga foleni.

Jumatano nikarudisha funguo, nikahama. Wenzangu walikuwa makazini. Sikumuaga mtu.

Alhamisi jaji alisema maneno machache tu: mkata rufaa ameshahama kwa hiari yake, hakuna tena cha kuamua. Rufaa ikatupwa bila hata kusikilizwa.

Zuio nalo likafa hapo hapo.

Jumamosi nikapita kule. Aisee, magodoro barabarani, masufuria, watoto wamekalia mabegi. Mama fundi alikuwa anafunga cherehani yake kwa kamba.

"Mama, nisamehe. Yule wakili alinibana."

Akakaza fundo kwanza.

"Alianza kwangu," akasema. "Hiyo nyumba ya vyumba viwili alitaka kunipa mimi, ili nikushawishi uondoke."

"Ukamjibu nini?"

"Nikamfukuza. Nikamwambia, yule ni mwanangu, hata umpe ghorofa hatoki."

Hakunitukana. Afadhali angenitukana.

Nikamwomba nimsaidie kubeba. Akasema, "Acha baba, nimeshazoea kubeba mwenyewe."

Mwanangu amezaliwa humu kwenye nyumba mpya, maji yanatoka, na mke wangu ana furaha. Mimi nikifungua bomba najisikia mwizi.

Wanasema kesi ile haikuwa na mshindi wala aliyeshindwa. Si kweli. Kuna watu watano walishindwa bila kuulizwa hata swali moja.

Ndugu yangu, ukikubali kusimama kwa niaba ya watu, hata uchovu wako si wako peke yako. Kabla ya kukaa, geuka kwanza, uwatazame walio nyuma yako.