Marahaba ya Mama Mkubwa

Mimi nina ugonjwa wa kuzinduka ndani ya ndoto. Msinipe pole, na msiniambie niombewe. Nimeshaombewa mpaka mchungaji kachoka. Unakuwa umelala fofofo, unaota labda unateka maji, mara akili inawaka: hii ni ndoto. Mwili umelala, lakini wewe uko macho kabisa humo ndani, na huwezi kutoka mpaka usingizi wenyewe uishe. Huja hata mchana, nikijiegesha dakika tano. Taabu yake si ndoto. Taabu ni kwamba nikiamka kweli, inabidi kwanza nijiulize kama nimeamka.

Mama mkubwa, dada wa marehemu mama yangu, ndiye aliyenilea, kijijini kwetu nje kidogo ya Kiomboi. Yeye aliuita uvivu.

Dawa niligundua mwenyewe. Ndotoni watu wazima hawaitikii shikamoo. Wanaongea, wanacheka, wanakufukuza na fimbo, lakini ukiwaamkia wanakutazama tu. Na kwetu Iramba mtu mzima asiyeitikia sijawahi kumwona. Hata mlevi aliyelala mtaroni atakuitikia. Kwa hiyo nikiwa na shaka, namwamkia mkubwa yeyote aliye karibu. Akisema marahaba, niko duniani. Akinyamaza, naota, na naweza kusema lolote ninalotaka.

Na nilikuwa na la kusema. Mama mkubwa alikuwa na mtoto mmoja tu, wa kiume, aliyekwenda Geita kuchimba dhahabu. Shimo likamfukia. Wakati huo mama yake alikuwa ametoka kulazwa kwa presha, na daktari alishaonya asipewe habari ya kushtua. Wajomba wakamzika kijana hukohuko, wakarudi kimya, wakakaa kikao, wakaamua mama aambiwe baada ya mavuno. Mavuno yakapita. Yakaja mengine. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humuumbua. Sisi tulificha kilio chenyewe.

Kazi ya kuficha nikapewa mimi, kwa kuwa nina simu na yeye hajui kusoma. Kila Jumapili akitoka kanisani nilimsomea ujumbe wa mwanawe. Niliutunga mwenyewe: mama nakukumbuka, mama usibebe vitu vizito, huku mtandao ni mbaya ndiyo maana sipigi. Naye aliyachukua maneno yangu mwenyewe akanichapa nayo. Mwanangu yuko mbali ananihurumia, wewe uko hapa unakula tu. Wewe ulimmaliza mama yako, sasa unanimaliza na mimi. Aliyasema kisimani, aliyasema mbele ya wageni. Nilimchukia, nasema wazi. Nilimchukia na marehemu mwanawe, maskini, ambaye hakuwahi kunikosea kitu.

Basi ndotoni nilimwambia. Nikizinduka tu namwamkia, ananyamaza, namwambia mwanao amekufa. Anaanguka, anagaagaa, ananiomba msamaha. Naamka nimeshiba kama niliyekula nyama. Asubuhi naingia kwake na adabu zangu zote, shikamoo mama, marahaba. Namtengea uji.

Mwaka wa tatu alizeti ilikubali sana. Tukaianika uani, nikaachwa kufukuza kuku, yeye akaenda msibani kijiji cha jirani. Jua la saa nane lilikuwa kali, nikajiegesha kwenye magunia. Niliposhtuka, kuku walikuwa wamejaa juu ya alizeti kama wamealikwa harusini, na mama mkubwa amesimama mbele yangu na kitenge chake cha msiba, mdomo kaufunga.

Nikamwamkia. Akanitazama tu.

Huyu mama aliwahi kuninyima mboga, akaninyima viatu, lakini marahaba hakuwahi kuninyima hata siku moja. Hata siku za kunichapa aliitikia kwanza, ndipo akaokota fimbo. Nikarudia, shikamoo mama. Kimya. Ahaa, nikajua niko wapi.

Hata sikuinuka. Nilimwambia nikiwa nimelala hivyohivyo, mikono nyuma ya kichwa.

“Mwanao amekufa. Huu mwaka wa tatu. Shimo lilimfukia, akatolewa hana sura. Ndugu zako wanajua, majirani wanajua, hata hao uliokwenda kuwalilia leo wanajua. Mjinga ni wewe peke yako.”

Nikangoja aanguke. Hakuanguka. Kuku mmoja akapita juu ya mguu wangu, kucha zake zikaniuma kweli. Mama mkubwa akavua kitenge, akakikunja mara mbili, akakaa chini nacho mapajani.

“Marahaba,” akasema.

Nikaketi wima. Akauliza amezikwa wapi, nikamwambia. Akauliza zile salamu za simu alikuwa anaziandika nani, nikasema mimi. Nikapiga magoti kwenye alizeti, nikalia, nikaeleza kwamba nilidhani naota, kwamba hajaniitikia ndiyo maana. Alinyamaza kwa sababu ya kuku tu; alikuwa na hasira ya kuku.

“Kumbe ukilala ndiyo unayoniambia,” akasema. “Basi usiniamkie tena.”

Presha tuliyoiogopa miaka yote hiyo haikumuua. Alikaa matanga ya mwanawe, wajomba wakaja na mbuzi kuomba radhi, akawasamehe wote siku hiyohiyo. Mimi sikusamehewa. Siku hizi miguu imemwishia, mimi ndiye ninayemwogesha na kumlisha, na kila asubuhi namwekea uji mbele yake bila neno, kama bubu. Yeye naye hasemi.

Ugonjwa ninao bado, ila kile kipimo changu kimegeuka. Ndotoni namwamkia, naye ananiitikia, taratibu, kwa ile sauti yake ya zamani. Nikiisikia tu, najua nimelala.