Sauti ya Kufukuza Ndege

Tarehe mbili mwezi wa tatu mke wangu alifariki hapa Kasongo, kwa homa. Kazi nyingine za shamba niliziweza peke yangu. Kuamia mpunga, yaani kuulinda na ndege, sikuweza.

Kwetu ndege hufukuzwa na watu wawili, mmoja huku, mwingine kule, wakiitana. Mke wangu alikuwa akiwatukana ndege, nami nikimjibu kama wakili wao. Mwezi wa tano mpunga ulipoanza kujaa, watoto wakiwa shuleni, nilikaa kibandani shambani nikagonga debe tupu. Ndege walilizoea siku hiyo hiyo. Sauti yangu haikutoka, na mpunga ule ndio chakula chetu.

Usiku nao sikuwa nikilala, nikaenda kituo cha afya kutafuta kidonge cha usingizi. Muuguzi, mama mtu mzima, aliniuliza maswali mengi, kisha akasema: "Baba, ubongo wenye msiba unasahau ladha ya mambo mazuri. Usingoje hamu ije ndipo ufanye. Fanya kwanza, tena pamoja na mtu. Hamu itafuata polepole, na ile ya polepole ndiyo inayokaa."

Sikumwamini. Siku kadhaa nilikunywa chai na wenzangu mlangoni pa msikiti. Ilikuwa maji ya moto tu. Niliendelea kwenda.

Mwishowe nilimweleza shida ya ndege shemeji yangu, mdogo wa marehemu. Kesho yake asubuhi alikuja akasimama upande wa pili wa shamba, hata salamu hakutoa.

"Shemeji! Weye iko mutu ao iko kisiki? Ndege watakutagia mayai!"

Nikagonga debe.

"Enyi ndege, kuleni! Mwenye shamba amewaoa, hiyo ndiyo mahari yenu!"

Kwetu shemeji akikutania, kunyamaza ni kumdharau. Nikajikaza.

"Mahari nilikwisha kuleta kwenu, na hamkushiba!"

Alicheka mpaka akakaa chini. Nikacheka nami, halafu machozi yakanitoka, halafu nikaona aibu. Nilimuuliza kama nimeanza kumsahau dada yake.

"Na huu uso wangu unaofanana na wake? Utamusahau namna gani? Piga kelele, shemeji, wanakula!"

Nilipiga kelele. Ndege waliinuka wote pamoja, wakavuka mfereji, wakatua kwenye mpunga wa jirani. Jirani akatoka kibandani kwake akanitukana, mimi na ukoo wangu wote. Nikamjibu kama wakili wa ndege.