Kivuli Kinapovuka Barabara ya Moi

Anayetaka kuijua Barabara ya Moi, ile ambayo wazee wa Likoni bado huiita Kilindini Road, asianze na yale mapembe makubwa, mfano wa pembe za ndovu, yanayoikingama. Mapembe yanajulikana; kila mgeni huyapiga picha. Aanze na Bi Mwanasaumu wa Timbwani, ambaye kwa miaka thelathini na moja amekaa kando ya barabara hiyo na sinia lake la vikuba.

Kikuba ni kifungu kidogo cha asumini, rihani na vipande vya ua la mkadi, ambacho wanawake wetu hukichomeka nyweleni au kifuani. Bi Mwanasaumu huvitunga mwenyewe. Asumini ameipanda nyuma ya nyumba, kati ya minazi na mihogo, katika shamba ambalo ukoo wake umelilima tangu kabla ya kivuko kuwa na injini. Huchuma vitumba vingali vimefumba, akavikunjia ndani ya jani bichi la mgomba, akavuka maji kwa kivuko hadi mjini. Kitumba kikikaa kivulini, hufumbuka magharibi kikiwa kichwani mwa aliyekinunua. Kikipigwa na jua saa moja tu, hugeuka rangi ya chai kabla ya adhuhuri kupita. Biashara yake yote imesimama juu ya jambo hilo moja.

Ndiyo sababu anaijua barabara ile kuliko waliosomea kuijua. Bibi yake, Nadira, aliyeuza vikuba papo hapo, alimsimulia habari za vigari vya reli vilivyosukumwa na watu, abiria ameketi juu kwa starehe na wasukumaji wakitiririka jasho, enzi ambazo njia hiyo ilikuwa kiungo cha mji wa kale na maji marefu ya Kilindini. Mapembe yalisimamishwa miaka ya hamsini kwa heshima ya wageni wa kifalme. Majina yalibadilishwa, maghorofa yakaota. Lakini bibi alimwachia pia elimu ambayo haimo kwenye kibao chochote: barabara inaelekea machweo, kwa hiyo ina ukingo wa kusini na ukingo wa kaskazini, na kivuli hakikai kwenye ukingo mmoja mwaka mzima. Wachuuzi huziita kingo hizo upande wa Likoni, yaani kusini, na upande wa Kisauni, yaani kaskazini. Miezi ya upepo wa kusi, kuanzia Machi, jua likiwa limehamia kaskazini, maghorofa ya upande wa Kisauni huutia kivuli ukingo wao. Miezi ya kaskazi, kuanzia Oktoba, jua hurudi kusini, na kivuli kikahamia upande wa Likoni.

Bi Mwanasaumu huhama nacho. Anapohama, mtu wa ng'ambo humpisha, naye ni Pascalia Mwende wa Mjambere, mama Kyalo, muuzaji wa miavuli na miwani ya jua, aliyetoka Kitui akiwa msichana.

"Mimi nitauzaje mwavuli kivulini?" huniuliza Pascalia, mimi mteja wao wa miaka mingi, kila nikimsifu kwa wema wake. "Huyu asinishukuru. Tunaibiana jua."

Siku ya kuvuka haipangwi na mtu. Kuna nguzo ya taa kati ya sehemu zao. Adhuhuri ambayo nguzo hiyo inakosa kivuli kabisa, jua likiwa limesimama utosini, mara moja Machi na mara moja Oktoba, ndipo kesho yake hubadilishana.

Mwaka jana wakuu wa mji walitangaza kwamba kila mchuuzi wa barabara ile atapewa mraba wake, uliopakwa rangi na kutiwa namba, pamoja na kibali. Atakayekutwa nje ya mraba wake atanyang'anywa kibali. Bi Mwanasaumu alipewa namba arobaini na moja, upande wa Kisauni. Pascalia akapewa arobaini na mbili, upande wa Likoni. Milele.

Nilikasirika, na hadi leo sijaona sababu ya kutokasirika. Ramani ya miraba hiyo ilikuwa na kipimio, na mshale wa kaskazini, na rangi nne. Kila kitu kilikuwamo isipokuwa jua. Wamewezaje watu wazima, katika mji wa joto kama huu, kuchora barabara bila kuuliza kivuli chake kiko wapi?

Nikafuatana nao Septemba, siku ya malalamiko, katika ukumbi mmoja wa Likoni. Mezani alikuwa Bwana Lewa, afisa aliyesimamia upimaji, kijana mpole mwenye shati lililopigwa pasi vizuri, ambalo liliipunguza hasira yangu kidogo.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Hujambo?"

"Sijambo. Lakini wewe, mama, nimeshangaa kukuona. Mraba wako niliuchagua mwenyewe. Nilikuja Julai, nikakukuta kivulini, nikasema mama huyu na maua yake nisimwondoe hapo."

"Nakujua. Ulikuja na utepe wa kupimia, ukaniomba niinue mguu," alisema Bi Mwanasaumu. "Ulinifanyia hisani, Mungu akulipe. Ila hisani yako ni ya miezi sita. Oktoba kivuli chavuka, mimi nabaki nikikaanga asumini."

Watu wakacheka. Lewa hakucheka. Alisema, kwa adabu, kwamba kila mtu aliyeingia ukumbini asubuhi ile alitaka kuhamishwa, na kila mmoja alikuwa na sababu. Akikubali maneno matupu hatamaliza. Je, kuna ushahidi?

"Mimi ni ushahidi," alisema Pascalia, akasimama. "Mnipe jua langu. Hapo mliponiweka, kuanzia Oktoba, nitakaa kwenye baridi kama samaki wa barafu."

"Mama Kyalo, nyamaza, utamtisha mtoto wa watu," alisema Bi Mwanasaumu.

"Simtishi, namwelimisha."

"Nyinyi ni marafiki," Lewa alisema. "Marafiki hutoleana ushahidi."

"Marafiki na nani?" Pascalia akauliza. "Huyu tangu Machi ananisema kwamba miwani yangu inawafanya watu wafanane na nzi."

Nilikuwa tayari kusimama na kueleza mwelekeo wa jua kwa lugha ya chuo, maelezo ambayo yangechukua nusu saa na kumfikisha afisa mahali pale pale. Bi Mwanasaumu alinishika upindo wa buibui, akaniketisha. Macho yake yalikuwa juu ya meza. Palikuwa na taarifa ya mradi mzima, kitabu kinene, na kwenye jalada lake picha kubwa ya Barabara ya Moi, mapembe yakionekana kwa mbali.

"Mwanangu, picha hii ilipigwa lini?"

Lewa akafunua ukurasa wa ndani, akatafuta kwa kidole. "Januari."

"Haya. Mkono wa kushoto, chini ya baraza ya duka la vitambaa. Waona sinia?"

Akainama. Palikuwa na sinia, na nyuma yake mwanamke aliyevaa leso ya manjano, ameketi katika ukanda wa kivuli ulionyooka kama uliopigwa rula. Huo ulikuwa upande wa Likoni. Ng'ambo, upande wa Kisauni, palipokuwa peupe kwa jua, miavuli ilifunuliwa kwa safu.

"Huyo ni mimi," alisema Bi Mwanasaumu. "Na leso ninayo hadi leo."

"Na mimi nimekatwa kichwa," alisema Pascalia, akichungulia. "Miavuli yote imo, mwenyewe nimekatwa."

Lewa aliitazama tena picha ile. Alikuwa ameibeba kwapani miezi mitatu, kutoka ofisi hadi ofisi. Kisha akavuta daftari la vibali, akaandika majina mawili kwenye namba arobaini na moja, na yale yale mawili kwenye arobaini na mbili, akagonga muhuri mara mbili.

"Nani atakuwa wapi, mtajua wenyewe," alisema. "Ila nambieni. Kuna wengine wanaovuka?"

Bi Mwanasaumu akaanza kuwahesabu kwa vidole: muuza maji ya madafu, fundi wa saa, mama wa mabuyu. Alipofika wa saba, Lewa aliomba karatasi nyingine.

Oktoba tarehe tatu nilikwenda kusimama karibu na ile nguzo saa sita na robo. Haikuwa na kivuli. Kesho yake asubuhi, Bi Mwanasaumu alivuka na sinia lake lililofunikwa kitambaa kibichi, na Pascalia akavuka na mzigo wa miavuli begani. Wakakutana katikati ya barabara, wakasimama kungoja magari yapite.

"Umeniachia uchafu wa majani huko?" aliuliza Pascalia.

"Nimekufagilia. Nawe umenifagilia?"

"Sikufagia."

"Nilijua," alisema Bi Mwanasaumu. Alikuwa amebeba ufagio kwapani.